Mahandaki ya Unyanyembe: Vikosi vya Kijerumani, Askari wa Kinyamwezi na Kuanguka kwa Tabora, 1916

Ikisiri

Makala haya yanachunguza vita ya mahandaki katika utetezi wa Tabora dhidi ya jeshi la Kibelgiji mwezi Septemba 1916. Maandishi mengi kuhusu Vita Kuu ya Kwanza katika Afrika Mashariki yanasisitiza mwendo: misafara mirefu, kuvizia na kurudi nyuma. Handaki huachiwa historia ya Ulaya. Hoja inayojengwa hapa ina sehemu tatu. Kwanza, vikosi vya Kijerumani vya magharibi vilipigana vita halisi ya mahandaki karibu na Tabora. Pili, vita hiyo ilitegemea maji, reli na kazi ya wenyeji wa Unyanyembe. Tatu, vikosi hivyo vilivunjika zaidi kwa uamuzi wa askari wengi kutoiacha nchi yao kuliko kwa kutekwa kwa mahandaki yao.

1.0 Utangulizi

Mwezi Septemba 1916 majeshi ya Uingereza na Ufaransa yalikuwa yamefikisha mwezi wa tatu katika mapigano ya mto Somme, na tarehe 15 ya mwezi huo vifaru vilitumika vitani kwa mara ya kwanza duniani. Siku hizohizo, katika nyanda kavu zilizo magharibi na kaskazini ya Tabora, askari waliovaa sare za Kaisari wa Ujerumani walikuwa ndani ya mahandaki wakiwangoja askari wa Kikongo waliokuwa chini ya bendera ya Ubelgiji. Pande zote mbili, idadi kubwa ya waliofyatua risasi walikuwa Waafrika.

Historia ya mapigano hayo imeandikwa kwa sehemu kubwa na maofisa walioyaongoza. Kurt Wahle, aliyekuwa mkuu wa vikosi vya Kijerumani vya magharibi, alichapisha kumbukumbu zake mwaka 1920, mwaka uleule ambao Paul von Lettow-Vorbeck alichapisha zake. Kwa upande wa pili, jeshi la Ubelgiji lilitoa historia yake rasmi katika miaka ya 1920 na 1930. Maandishi hayo yana tarehe, majina ya vikosi na ramani. Handaki lenyewe huonekana ndani yake kama mstari uliochorwa kwenye ramani. Makala haya yanayasoma upya maelezo hayo kwa swali tofauti: handaki la Unyanyembe lilisimama juu ya nini, na ni nani aliyeamua mwisho wake?

Eneo linalohusika ni Unyanyembe, nchi ya Wanyamwezi inayozunguka mji wa Tabora, pamoja na Kwihara iliyo kilomita chache kusini-magharibi ya mji. Kwihara inafahamika kwa tembe ambamo David Livingstone na Henry Morton Stanley walikaa mwaka 1872. Katika makala haya inatajwa kwa sababu nyingine: ni mahali panapoonyesha kwamba kujihami kwa udongo na kuta hakukuanza na Wajerumani.

2.0 Kujihami Unyanyembe kabla ya Wajerumani

Katika karne ya 19 Tabora ilikuwa njia panda ya misafara. Njia kutoka Bagamoyo iligawanyika hapo, moja ikielekea Ujiji na nyingine kaskazini hadi Karagwe na Buganda. Mali iliyopita ilikuwa nyingi, na aliyeitaka alikuwa tayari kuipigania. Ndiyo maana ujenzi wa eneo hili ulizingatia ulinzi. Tembe lilikuwa na kuta nene za udongo, paa la bapa na ua wa ndani. Vijiji vikubwa vilizungushiwa boma la miti, na katika baadhi yake boma hilo liliongezewa mtaro.

Mwaka 1871 Mirambo wa Urambo alipopigana na wafanyabiashara Waarabu wa Unyanyembe, sehemu ya Tabora ilichomwa moto. Stanley, aliyekuwa Kwihara wakati huo, aliliandaa tembe lake kwa mapigano kwa kutoboa matundu ya bunduki ukutani. Nyumba ya msafara iligeuzwa ngome kwa muda mfupi, kwa mikono ya wapagazi wake na kwa namna iliyokwisha kuzoeleka katika nchi hiyo.

Mfano mkubwa zaidi ni ngome ya Mtemi Isike. Emin Pasha alipandisha bendera ya Ujerumani Tabora mwaka 1890, lakini Isike hakuikubali. Mashambulizi ya Wajerumani ya mwaka 1892 yalishindwa mbele ya kuta zake. Januari 1893 Luteni Tom Prince aliivamia ngome hiyo na kuiteka. Isike alilipua baruti akiwa ndani kuliko kujisalimisha, kisha Wajerumani wakamnyonga akiwa mahututi. Miaka 23 baadaye waliokuwa wamezivunja kuta za Unyanyembe ndio waliolazimika kuitetea nchi hiyohiyo kwa udongo wake, na miongoni mwa waliowatumikia walikuwamo watoto na wajukuu wa watu wa Isike.

3.0 Kombania na handaki

Jeshi la Kijerumani la koloni, lililojulikana kama Schutztruppe, lilikuwa na kombania 14 vita vilipoanza mwaka 1914, zenye Wajerumani wapatao 260 na askari wapatao 2,500. Kombania moja ilikuwa na askari kati ya 160 na 200, Wajerumani wasiozidi 20, bunduki za bombom mbili au zaidi, na wapagazi wapatao 250. Vyeo vya askari, yaani ombasha, shaushi, sol na efendi, vilitokana na jeshi la Misri na la Waturuki, kwa kuwa askari wengi wa mwanzo waliajiriwa Cairo na walikuwa Wasudani. Kufikia mwaka 1914 wengi walikuwa wenyeji wa koloni, na Wanyamwezi na Wasukuma walikuwa na sehemu kubwa. Mwanzoni mwa mwaka 1916 jeshi lilikuwa limekua hadi kufikia kombania zipatazo 60.

Kombania iliundwa kwa ajili ya kusafiri na kuadhibu. Iliweza kutembea na wapagazi wake, kuchoma kijiji na kurudi bomani. Vita dhidi ya majeshi yenye mizinga vilidai maarifa mengine, na handaki lilikuwa mojawapo. Salaita, karibu na Taveta, ni mfano unaotajwa sana. Wajerumani walichimba mahandaki yaliyoonekana wazi juu ya kilima, lakini mahandaki yao ya kweli yalikuwa chini, kwenye mguu wa kilima, yamefichwa na vichaka. Tarehe 12 Februari 1916 mizinga ya Waingereza ilipiga kileleni pasipo na watu, na askari wa Afrika Kusini waliposogea walipokewa kwa risasi kutoka chini. Walirudi nyuma wakiwa wamepoteza zaidi ya watu 130 kwa vifo na majeraha.

Handaki la Afrika Mashariki lilitofautiana na la Ulaya kwa mambo matatu. Kwanza, halikuunda mstari usiokatika. Nchi ilikuwa pana na askari wachache, kwa hiyo kila upande uliweza kuzungukwa. Pili, lilichimbwa kwa siku chache na kuachwa kwa saa chache. Tatu, kinga ya mbele yake mara nyingi ilikuwa boma la miiba mahali ambapo Ulaya ingetandaza nyaya. Liliwafaa zaidi askari wenye bunduki za modeli ya 1871, ambazo bado zilitumiwa na kombania nyingi. Baruti yake ilitoa moshi mzito uliomfichua mpigaji, na asiyekuwa ndani ya ardhi hakuwa na pa kujificha baada ya kufyatua risasi yake ya kwanza.

4.0 Reli, maji na mstari wa ulinzi

Reli ya Kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914. Wakati wa vita Tabora ikawa makao ya muda ya idara nyingi za serikali ya koloni. Katika karakana ya reli ya Lulanguru, magharibi ya mji, zilipigwa sarafu za dharura, zikiwamo za dhahabu za rupia 15 zenye picha ya tembo, ambazo dhahabu yake ilitoka mgodi wa Sekenke. Mjini kulikuwa na hospitali, maghala, familia za Wazungu na wafungwa wa vita. Kuipoteza Tabora kulimaanisha kupoteza moyo wa utawala wa magharibi.

Mashambulizi ya Wabelgiji yalianza Aprili 1916 chini ya Jenerali Charles Tombeur. Brigedi ya Kaskazini iliongozwa na Philippe Molitor, na ya Kusini na Frederik-Valdemar Olsen, ofisa mzaliwa wa Denmark. Kigali ilichukuliwa mwezi Mei. Kigoma ikaanguka mwishoni mwa Julai, siku chache baada ya Wajerumani kuizamisha meli yao ya Graf von Götzen, ambayo leo ni MV Liemba. Kutoka hapo Olsen alifuata reli kuelekea mashariki huku Molitor akishuka kutoka upande wa Ziwa Viktoria. Waingereza waliokuwa chini ya Charles Crewe, walioingia Mwanza mwezi Julai, nao walielekea kusini. Mashariki, reli ilikwisha kukatwa: Dodoma ilitekwa mwishoni mwa Julai na Morogoro mwishoni mwa Agosti. Njia pekee iliyobaki wazi kwa Wahle ilikuwa kusini-mashariki, kuelekea Iringa.

Wahle mwenyewe alikuwa meja jenerali mstaafu kutoka Saxony. Alikuja koloni mwaka 1914 kumtembelea mwanawe, na vita vikamkuta huko. Kazi yake Tabora haikuwa kumshinda adui. Alipaswa kumchelewesha na kumtoza gharama kubwa, kisha kuondoka na kikosi kilicho hai. Handaki lilifaa kwa kazi hiyo, kwa sababu wachache waliweza kuwazuia wengi kwa siku kadhaa.

Mahali pa kuchimba paliamuliwa na vitu viwili. Cha kwanza kilikuwa reli, iliyobeba mizinga na risasi. Cha pili kilikuwa maji. Septemba ni mwishoni mwa kiangazi Unyamwezi. Mvua hazitarajiwi hadi Novemba, mito ni mikavu, na watu hutegemea visima na madimbwi machache. Aliyeshika visima alishika vita. Jeshi lililoshambulia kutoka magharibi halikuweza kukaa porini kwa wiki nyingi likingoja upenyo. Lilipaswa kushambulia au kurudi kwenye maji. Mwanajeshi wa Flanders aliteseka kwa tope. Wa Lulanguru aliteseka kwa kiu na kwa ardhi ngumu iliyochimbwa kwa jembe na sururu kama mtu anayechonga tofali lililokwisha kuchomwa.

5.0 Lulanguru na Itaga

Mapigano ya kuwania Tabora yalianza magharibi, Usoke, kituo cha reli kilichogombaniwa mwanzoni mwa Septemba. Kutoka hapo kikosi cha Olsen kilikutana na mahandaki ya Lulanguru, ambako kulipiganwa kati ya tarehe 10 na 12 Septemba. Mashambulizi ya mbele yalikutana na bunduki za bombom zilizowekwa zikipigana kwa kukatisha, hivi kwamba aliyekwepa moja aliingia katika njia ya nyingine. Wabelgiji walikuwa na mizinga myepesi iliyobebwa kwa vipande, na Wajerumani walitumia pia mzinga mmojawapo wa milimita 105 uliookolewa kutoka manowari ya Königsberg, iliyoangamizwa katika delta ya Rufiji Julai 1911 + 4, yaani 1915.

Usiku wa tarehe 13 kuamkia 14 Septemba mapigano yalihamia Itaga, kaskazini-magharibi ya mji, palipokuwa na misheni ya Kikatoliki. Wabelgiji walichagua giza kwa sababu mchana ulikwisha kuwafunza. Sehemu ya mahandaki iliingiwa, lakini Wajerumani walishambulia tena na kuwarudisha nyuma, na hasara za washambuliaji zilikuwa kubwa. Max Wintgens, aliyeongoza vikosi vilivyotoka Rwanda, alikuwa na sehemu kubwa katika utetezi huo.

Hapa ndipo panapohitajika tahadhari katika kusoma kumbukumbu za maofisa. Kwa maelezo ya Kijerumani, Itaga ni ushindi. Kwa maelezo ya Kibelgiji, ni hatua ya gharama katika njia ya ushindi. Yote mawili yana ukweli, kwa kuwa handaki la namna hii halikukusudiwa kushikiliwa. Lilitimiza kazi yake lilipompotezea adui siku tano. Hata hivyo, kila siku iliyopatikana ilimleta Molitor karibu zaidi kutoka kaskazini, na mstari usio na mwisho uliofungwa ulikuwa katika hatari ya kuzungukwa.

Usiku wa tarehe 18 Septemba Wahle aliyaacha mahandaki. Tarehe 19 Wabelgiji waliingia Tabora. Waliwakuta wagonjwa na majeruhi hospitalini, wanawake na watoto wa Kijerumani, na wafungwa wa Kizungu wapatao 190, ambao waliwafungulia. Crewe alifika kwenye reli, mashariki ya mji, siku chache baadaye.

6.0 Mikono iliyochimba na ghala zilizoliwa

Katika koloni lote, kazi za jeshi zilifanywa na askari wenyewe, wapagazi wa kombania, wafungwa, na watu waliotakiwa kutolewa na majumbe na watemi. Tabora palikuwa pia na walimu wa Kiafrika wa misheni za Kiingereza, waliofungwa kwa kushukiwa kuwa watu wa adui na kufanyishwa kazi ngumu. Hivyo, nyuma ya kila askari aliyekuwa ndani ya handaki palikuwa na watu kadhaa waliobeba maji, kuni, unga na risasi. Upande wa pili hali ilikuwa ileile: katika vita yote Wabelgiji walitumia wapagazi wanaokadiriwa kufikia 260,000.

Suala la chakula lina uzito sawa na la kazi. Mapigano yalitokea baada ya mavuno, vihenge vikiwa na mtama, mahindi na karanga za kuwafikisha watu kwenye msimu unaofuata. Majeshi mawili yalikula kutoka vihenge hivyohivyo, mmoja akitoka na mwingine akiingia. Kwa mkulima, tofauti kati ya kutetewa na kutekwa haikuonekana ndani ya kihenge. Akiba iliyochukuliwa Septemba ilikuwa pia mbegu ya Novemba. Mashariki zaidi, Ugogo, uchukuaji wa chakula na watu uliofanywa na majeshi ya pande zote ulichangia njaa kubwa iliyoitwa Mtunya, baada ya mvua kukosekana.

7.0 Kwa nini kikosi kilivunjika

Wahle aliondoka Tabora akiwa hajashindwa katika mahandaki yake. Hata hivyo, kikosi kilichoondoka hakikuwa kile kilichopigana. Njiani kuelekea kusini-mashariki askari wengi, hasa Wanyamwezi, walitoroka. Maofisa waliliona jambo hilo kama udhaifu wa nidhamu. Maelezo hayo hayatoshi, kwa sababu askari haohao walikuwa wamestahimili risasi na mizinga kwa zaidi ya wiki moja.

Utafiti wa Michelle Moyd (2014) kuhusu askari wa Kijerumani unatoa ufunguo. Moyd anaonyesha kwamba wanaume waliingia jeshini wakitafuta heshima: mshahara wa uhakika, kaya kubwa, wake, wategemezi na nafasi ya kuhesabiwa miongoni mwa wakubwa. Mshahara wa askari, takriban rupia 20 kwa mwezi mwanzoni, ulikuwa juu kuliko wa wenzao wa King's African Rifles. Familia zilifuatana na kombania. Uaminifu wa askari ulikuwa sehemu ya mapatano, na mapatano hayo yalikuwa na masharti.

Tabora yaliyatimiza masharti hayo. Kwa Mnyamwezi, handaki la Lulanguru lilikuwa karibu na nyumba yake, shamba lake na ndugu zake. Aliweza kulipigania bila kuitenga kazi ya jeshi na wajibu wa nyumbani. Amri ya kuondoka iliyatenganisha mambo hayo mawili. Mbele kulikuwa na mamia ya kilomita hadi Iringa, nchi ya wengine, chini ya serikali iliyokwisha kupoteza reli, maghala na uwezo wa kulipa. Nyuma kulikuwa na mke, watoto na msimu wa kulima uliokaribia. Mwenye kubaki hakuasi vita aliyoiahidi. Aliikataa vita mpya ambayo hakupatana nayo.

Tukio la mwaka 1917 linaunga mkono tafsiri hii. Mwezi Februari Wintgens alijitenga na vikosi vya kusini na kuelekea kaskazini, kinyume cha mwelekeo wa jeshi. Alifika kusini ya Tabora na, akiwa mgonjwa wa homa kali, akajisalimisha kwa Wabelgiji mwezi Mei. Heinrich Naumann akaendelea na safari hadi alipojisalimisha karibu na Kondoa, mwanzoni mwa Oktoba. Lettow-Vorbeck aliiona hatua hiyo kuwa ya kujiamulia. Ukizingatiwa asili ya askari wengi wa magharibi, mwelekeo wa kaskazini una maana nyingine pia: ulikuwa mwelekeo wa kwao.

Linganisho na Mahiwa linasaidia. Tarehe 15 hadi 18 Oktoba 1917, huko kusini karibu na Lindi, Wahle alikuwa tena ndani ya mahandaki. Waingereza walipoteza watu wapatao 2,700 kati ya 4,900. Waliobaki na Wajerumani wakati huo walikuwa wale ambao maisha yao yote, pamoja na familia zao, yalikwisha kuhamia ndani ya safu. Handaki lilikuwa lilelile. Kilichobadilika ni uhusiano wa askari na ardhi aliyoichimba.

8.0 Hitimisho

Baada ya vita, Tombeur alipewa na mfalme wa Ubelgiji cheo cha baroni chenye jina la Tabora, na Brussels ina mtaa wenye jina hilo. Dar es Salaam, sanamu ya Askari iliyozinduliwa mwaka 1927 iliwakumbuka askari na wapagazi waliokuwa upande wa Uingereza. Kwihara, tembe lililohifadhiwa linasimulia habari za wasafiri wawili wa Ulaya. Hakuna hata moja kati ya kumbukumbu hizi linalomweleza Mnyamwezi aliyechimba handaki Lulanguru, akalipigania, kisha akaamua kurudi nyumbani.

Makala haya yameonyesha kwamba vita ya mahandaki ilikuwa sehemu halisi ya kampeni ya magharibi, yenye masharti yake ya maji, reli, chakula na kazi. Yameonyesha pia kwamba utoroshaji wa Septemba 1916 unapaswa kusomwa kama uamuzi wa kisiasa wa watu wenye kaya na mashamba. Kwa wanahistoria wa Tanzania, matokeo yake ni ya kimbinu. Ramani za maofisa zinaeleza mahali handaki lilipokuwa na siku lilipoachwa. Sababu za kuachwa kwake zinapaswa kutafutwa pia katika kalenda ya kilimo, katika vihenge, na katika umbali kati ya handaki na mlango wa nyumba ya aliyekuwa ndani yake.